Mwezi wa Mbinguni na Mwezi wa Mshahara

Katika lugha yetu neno moja lina kazi mbili. Twasema «mwezi» tukionyesha taa ile ya usiku, tena twasema «mwezi» tukihesabu siku za mshahara. Wazee waliotuachia neno hili hawakukosa, kwa kuwa kwao vitu hivyo viwili vilikuwa kitu kimoja. Mwezi ulionekana, ukakua, ukapevuka, ukapungua, ukafa. Na hapo watu walisema: mwezi mmoja umekwisha. Lakini sisi wa leo twajua kwamba mwezi wa Januari hautazami mbinguni hata kidogo. Mwaka huu huanza mwezi wa angani ukiwa mchanga, mwaka ujao ukiwa mpevu, mwaka mwingine usionekane kabisa. Neno ni moja, vitu ni viwili.

Basi twataka kuuliza swali ambalo kwa mara ya kwanza laonekana kuwa la mchezo. Kama mbinguni kungekuwa na miezi miwili, au mitatu, watu wangehesabuje siku zao? Vijana wanaopenda kusoma na kutunga hadithi za dunia zisizokuwako hujiuliza hivyo. Huandika kalenda nzima ya nchi ambayo hakuna mtu aliyeikanyaga: majina ya siku, sikukuu, hesabu ya miaka. Wako wazee wanaowacheka. Sisi hatuwacheki, kwa kuwa ndani ya swali hilo la mchezo mna swali lingine lililo zito sana. Je, kalenda ni kazi ya mbingu au ni kazi ya watu? Na ikiwa ni kazi ya watu, nani ana haki ya kuipanga, na kwa faida ya nani?

1. Tuseme kuna miezi miwili

Tuseme iko nchi yenye miezi miwili. Mwezi mdogo humaliza safari yake kwa siku 20, na mkubwa kwa siku 30. Hiyo ni nchi ya raha. Kila siku 60 miezi yote miwili hupevuka usiku mmoja: mdogo umezunguka mara tatu, mkubwa mara mbili. Watu watafanya karamu usiku huo, na kalenda itakuwa imekwisha kupangwa bila ugomvi.

Lakini mbingu hazikuahidi kwamba hesabu zao zitagawanyika vizuri. Tugeuze kidogo. Mwezi mdogo uwe wa siku 29, na mkubwa wa siku 31. Sasa, ikiwa imepevuka pamoja leo, haitapevuka pamoja tena mpaka zipite siku 899, yaani karibu miaka miwili na nusu. Katikati ya hapo kila mmoja hufuata njia yake. Wavuvi wa nchi ile watashika mwezi ulio karibu, kwa kuwa ndio unaovuta maji ya bahari yakajaa na kupwa. Wakulima watashika ule mwingine, kwa kuwa ndio unaotoa mwanga wa kulinda mashamba usiku. Kila kundi lina sababu njema.

Siku moja mvuvi amekopa gunia la mahindi kwa mkulima, akasema: nitakulipa mwezi ukiisha. Mwezi upi? Mkulima akija kudai, mvuvi amwambia bado. Mvuvi akisema tayari, mkulima asema umechelewa. Wote wawili wanyoosha kidole mbinguni, wala hakuna anayesema uwongo. Ugomvi huu haumalizwi kwa kutazama juu. Mbingu zimetoa ushahidi wa kweli kwa kila mmoja wao, lakini hazitoi hukumu. Hawana budi kukaa chini na kupatana.

2. Dunia yenye miezi miwili iko

Mtu atasema: hayo ni maneno ya hadithi. Sivyo. Sayari ya Mirihi, jirani yetu, ina miezi miwili. Mnajimu Asaph Hall aliigundua huko Washington mwezi wa Agosti 1877, ikaitwa Phobos na Deimos. Ni midogo: Phobos una upana wa kilometa 22 hivi, na Deimos kama 12. Phobos huizunguka Mirihi kwa saa 7 na dakika 39 tu, upesi kuliko sayari yenyewe inavyojigeuza. Kwa sababu hiyo mtu aliyesimama huko angeuona ukichomoza magharibi na kutua mashariki, na kurudia hivyo zaidi ya mara mbili kwa siku moja. Deimos nao ni mwezi wa uvivu. Ukichomoza, hukaa juu zaidi ya siku mbili kabla ya kutua.

Mwaka wa 1985 Mmarekani Thomas Gangale aliitungia Mirihi kalenda. Tazameni alivyokabiliwa na kazi yake. Mwaka wa Mirihi una siku za huko 668 na zaidi ya nusu, na kila siku ya huko ni saa 24 na dakika 39 na sehemu. Miezi ya angani haikumfaa kitu, kwa sababu mmoja huenda mbio mno na mwingine hukawia mno. Akaiacha yote miwili. Akaugawa mwaka katika miezi 24 ya karatasi, kila mmoja wa siku 28 au 27, akaweka juma la siku saba. Na ili kila mwezi uanze siku ile ile ya juma, aliamuru kwamba katika mwezi wa siku 27 siku ya saba ya juma la mwisho irukwe.

Hapo tupumzike tutafakari. Dunia yenye miezi miwili imepewa kalenda, na ndani ya kalenda hiyo hakuna hata mwezi mmoja wa mbinguni. Lakini juma la siku saba, ambalo halikutoka kwa mwezi wowote wa Mirihi, limesafirishwa kutoka kwetu mpaka huko. Mtungaji aliona kwamba watu wanaweza kuishi bila Phobos na Deimos, ila hawataweza kuishi bila juma. Kisha, kwa kupenda hesabu iliyonyooka, akalikata juma hilo hilo mkia. Tutarudi kwenye jambo hilo.

Tena wako watu waliokwisha kuishi kwa siku za Mirihi bila kutoka duniani. Mwaka wa 2004 Wamarekani walipotua huko mashine mbili za kutembea, wafanyakazi waliokuwa wakiziongoza kutoka California walifuata mchana na usiku wa Mirihi, na wengine walivaa saa zilizotengenezwa kwenda polepole. Kila siku kazi ilianza dakika 40 baadaye kuliko jana. Baada ya siku 18 mchana wao ulikuwa usiku wa watoto wao. Miili ilichoka, na nyumbani mambo yalikuwa magumu. Kumbe siku si kipimo tu. Siku ni mahali tunapokutana na wenzetu, na anayeishi katika siku nyingine huwa kama amehamia nchi ya mbali, ingawa alala chini ya paa moja na mke wake.

3. Hata sisi tuna zaidi ya mwezi mmoja

Tusidhani kwamba sisi wenye mwezi mmoja tumeokoka katika taabu hii. Mwezi wetu huchukua siku 29, saa 12 na dakika 44. Jua hukamilisha mwaka kwa siku 365, saa 5 na dakika 48 na sehemu. Miezi 12 ya angani ni siku 354, na jua lataka 11 zaidi. Mwezi na jua hawapatani, wala hawajapata kupatana tangu watu waanze kuhesabu. Ndiyo sababu kila taifa lilipaswa kuchagua.

Waislamu wamechagua mwezi, na Ramadhani yao huzunguka katika majira yote. Kwenye pwani ya Waswahili mabaharia na wakulima walishika hesabu mbili kwa pamoja: mwezi kwa ibada, na mwaka wa jua wa siku 365 unaoanza Nairuzi na kugawanywa kwa makumi, kwa ajili ya pepo za bahari na kupanda. Mzee wa pwani hakuona vibaya kuwa na kalenda mbili. Alijua ipi ni ya msikiti na ipi ni ya jahazi.

Na Eklezia yetu? Tangu Mtaguso wa Nikea wa mwaka 325 Wakristu walitaka Pasaka iadhimishwe siku moja na wote. Kanuni iliyoshikwa yasema iwe Dominika inayofuata mwezi mpevu wa tarehe 21 Machi au baada yake. Lakini mwezi huo ni upi? Si ule unaouona nje ya dirisha lako. Ni mwezi uliohesabiwa katika majedwali, ili Wakristu wa nchi zote, wenye mawingu na wasio na mawingu, wapate jibu moja miaka mingi kabla. Mwaka wa 2019 miezi hiyo miwili iliachana mbele ya macho yetu. Mwezi wa angani ulipevuka tarehe 21 Machi, saa chache baada ya jua kuvuka mstari wa ikweta. Anayefuata anga angefanya Pasaka tarehe 24 Machi. Majedwali yalisema tarehe 21 Aprili, nasi sote tukafanya tarehe 21 Aprili. Hakuna aliyedanganywa. Eklezia ilichagua mwezi wa mapatano, kwa sababu shabaha ya kanuni ile ilikuwa kutupeleka sote mezani siku moja.

Basi swali letu la kwanza limepata jibu. Kalenda si kazi ya mbingu peke yake, wala si kazi ya watu peke yao. Mbingu hutoa vitu vya kujengea, na watu hujenga. Hata kama Mungu angetupa mwezi mmoja wa siku 30 kamili na mwaka wa siku 360 kamili, ingebaki kuamua mshahara utolewe siku gani.

4. Mwezi umekufa, mshahara uko wapi?

Sasa twaingia penye uchungu. Katika karne ya 19 nchi ya Natal, kusini mwa Afrika, ilikuwa chini ya Waingereza. Wazulu walioajiriwa kule walikuwa na neno *inyanga*, ambalo lina maana zile zile mbili za mwezi wetu: taa ya usiku na muda wa kuhesabu. Mtu alipoandikwa kazi kwa miezi sita, alielewa miezi sita ya angani. Bwana wake alielewa miezi sita ya karatasi, Januari mpaka Juni. Mwezi wa angani ulipokufa mfanyakazi alikuja kudai fedha yake, na bwana akamwambia: bado siku moja, bado siku mbili. Mwanahistoria Keletso Atkins, katika kitabu chake cha mwaka 1993, ameeleza jinsi ugomvi huo ulivyoendelea miaka na miaka.

Tufanye hesabu wenyewe. Miezi 12 ya angani ni siku 354. Miezi 12 ya karatasi ni siku 365. Mtu aliyekubali kufanya kazi kwa mwaka mmoja wa miezi yake alidaiwa siku 11 zaidi kwa fedha ile ile. Si nyingi, atasema mtu aliyeshiba. Lakini siku 11 za mtu ni siku za kulima shamba lake, za kumzika mzazi wake, za kukaa na wanawe. Na katika nyumba yenye watumishi kumi ni siku 110.

Hapo ndipo tulipo na nchi ya miezi miwili bila kutunga hadithi yoyote. Tena haikuwa kama kwa mvuvi na mkulima wetu, ambao walikuwa sawa na waliweza kukaa chini. Natal ilikuwa na sheria ya mabwana na watumishi tangu 1850, na mtumishi aliyeacha kazi kabla ya muda wake aliweza kuadhibiwa. Muda upi? Ule wa karatasi. Mwezi wa mmoja ulikuwa na mahakama nyuma yake, na mwezi wa mwingine ulikuwa na mbingu tu.

Je, bwana yule alikuwa mwizi? Tuwe waangalifu, tusihukumu upesi. Yawezekana bwana mmoja alifuata tu desturi ya kwao bila nia mbaya, akishangaa kwa nini watu walalamika. Lakini mafundisho ya haki yanasema mapatano ni halali pale tu pande zote mbili zinapoelewa neno moja kwa maana moja. Aliyejua kwamba mwenzake anaelewa mwezi mwingine, akanyamaza kwa kuwa ukimya unamfaidia, huyo amechukua kisicho chake. Hakukata fedha, amekata siku. Na siku iliyochukuliwa hairudishwi, maana mwenye kuidai hawezi kulipwa jana yake.

Mambo ya namna hii hayakuwa Natal peke yake. Katika mashamba ya walowezi wa Kenya wakati wa ukoloni ilikuwako kazi ya tikiti: «mwezi» ulikuwa siku 30 za kazi zilizotiwa alama, na mtu aliweza kufika siku 42 kabla ya tikiti kujaa. Neno mwezi lilibaki pale pale, lakini ndani yake mwezi mwingine ulikuwa umewekwa.

5. Serikali mbili zilizojaribu

Mwingine atatuambia: kama kalenda ni mapatano, basi serikali na ipange inavyopenda, yaishe. Tutazame serikali mbili zilizofanya hivyo.

Ufaransa, katika mapinduzi yake, iliamua mwezi wa Oktoba 1793 kuacha kalenda ya zamani. Waliweka miezi 12 ya siku 30, kila mwezi makumi matatu ya siku, na siku tano au sita za kujazia mwishoni mwa mwaka. Kwa hesabu ilikuwa nzuri kabisa. Lakini pumziko, lililokuwa kila siku ya saba, likawa kila siku ya kumi. Badala ya siku 52 za kupumzika katika mwaka mtu alibaki na 36 za makumi. Wakulima walijua hesabu hiyo bila kufundishwa shuleni. Tena majina ya miezi yalitoka katika hewa ya Ufaransa: wa theluji, wa mvua, wa joto. Mwezi wa theluji uliangukia Desemba na Januari, ambapo katika kisiwa cha Réunion, koloni lao katika Bahari ya Hindi, ni wakati wa joto kubwa. Kalenda iliyojiita ya watu wote ilikuwa imetazama dirisha moja tu. Tarehe 1 Januari 1806 ilikuwa imekwisha ondolewa.

Urusi ya Kisovyeti ilianza mwaka wa 1929 juma la siku tano. Kusudi lilikuwa mashine zisisimame kamwe. Wafanyakazi waligawanywa kwa rangi tano, na kila rangi ilikuwa na siku yake ya kupumzika. Kwa hesabu mtu alipata pumziko nyingi kuliko zamani, mara moja katika siku tano. Lakini mume aliweza kuwa wa rangi ya manjano na mke wa rangi nyekundu. Mmoja alipumzika katika nyumba tupu, mwingine alirudi kazini akimwacha mwenzake amelala. Mwaka wa 1931 waliingia juma la siku sita lenye pumziko la pamoja, na mwezi wa Juni 1940 wakarudi kwenye siku saba.

Twajifunza nini? Ufaransa ilipunguza pumziko, na watu wakakasirika. Jambo hilo laeleweka. Lakini Urusi iliongeza pumziko, na watu wakakasirika vilevile! Basi mtu hatafuti kupumzika tu kama ng'ombe aliyefunguliwa nira. Atafuta kupumzika pamoja na wenzake. Pumziko la mtu mmoja mmoja ni kulala. Pumziko la wote pamoja ni sikukuu. Bwana wetu aliwafundisha Mafarisayo kwamba siku ya kupumzika iko kwa faida ya mtu. Na mtu, tangu mwanzo, hakuumbwa akae peke yake.

6. Kipi chaweza kubadilishwa?

Tusianguke upande wa pili tukasema basi kalenda isiguswe kamwe. Kalenda ya zamani ya Waroma ilizidisha dakika 11 hivi kila mwaka, na kufika karne ya 16 ilikuwa imepotoka kwa siku kumi. Baba Mtakatifu Gregori XIII aliisahihisha mwaka wa 1582. Baada ya tarehe 4 Oktoba ilifuata tarehe 15. Mtakatifu Teresia wa Avila alifariki usiku ule ule uliounganisha tarehe hizo, na sikukuu yake ni tarehe 15 Oktoba. Lakini angalieni jambo dogo ambalo wengi hawalitazami. Tarehe 4 ilikuwa Alhamisi, na tarehe 15 ikawa Ijumaa. Papa aliondoa siku kumi katika hesabu ya mwezi, lakini mnyororo wa juma hakuukata hata pete moja. Na Uingereza ilipofuata mwaka wa 1752, sheria yake iliweka wazi kwamba madeni na kodi za nyumba zisidaiwe mapema kwa sababu ya siku zilizorukwa. Hayo ndiyo mabadiliko ya haki: hesabu husahihishwa, maskini halipi gharama yake.

Katika miaka ya 1950 Umoja wa Mataifa ulijadili kalenda mpya ya dunia yote, yenye siku 364 za majuma na siku moja mwishoni mwa mwaka isiyo na jina la juma. Ingekata juma, kama vile kalenda ya Mirihi inavyolikata. Wenye dini mbalimbali waliona hatari, na mwaka wa 1956 jambo liliwekwa kando. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, mwezi wa Desemba 1963, ulisema maneno ya busara: haukatai Pasaka kuwekwa Dominika moja isiyobadilika, ikiwa wanaohusika watakubali, hasa ndugu Wakristu waliotengana nasi, wala haupingi kalenda mpya ya serikali, mradi juma la siku saba lenye Dominika lilindwe, bila siku za kuongezwa nje ya juma. Yaani hesabu ya mwezi na mwaka ni mali ya mapatano, lakini siku ya kukutana isiibwe.

Kwa hiyo twaweza kutaja alama nne za kalenda ya haki, iwe ya dunia hii au ya dunia ya hadithi. Kwanza, isiseme uwongo juu ya mbingu. Pili, ijulikane na wote kabla ya kazi na deni kuanza. Tatu, iwape watu wote, hasa wadogo, pumziko la pamoja. Nne, asiipange mwenye nguvu peke yake kwa faida yake.

7. Neno kwa wanaotunga, na kwa sisi sote

Kwa vijana wanaotunga dunia zenye miezi mingi twasema: endeleeni. Mwandishi Mkatoliki J. R. R. Tolkien, aliyefariki mwaka 1973, aliitungia nchi ya hadithi zake kalenda ya miezi 12 ya siku 30 pamoja na siku tano za nje, akaichapisha mwaka wa 1955. Mwaka wa 1944 alimwandikia mwanawe kwamba ameona mwezi katika hadithi yake unafanya mambo yasiyowezekana, ukichomoza huku na kutua kule wakati ule ule. Alasiri nzima akaitumia kurekebisha sura alizokwisha kuandika. Hakuna msomaji ambaye angemshitaki, lakini alijua kwamba hata katika nchi ya kubuni, mwenye kuahidi mwezi hana budi kuutoa mwezi wa kweli. Basi mkiweka miezi mitatu juu ya nchi yenu, hesabuni vizuri. Kisha msisahau kumweka katika hadithi mtumishi mmoja anayeuliza: kati ya hiyo mitatu, nitalipwa kwa mwezi upi? Mtakapomjibu ndipo msomaji atakapojua nchi yenu ina mfalme wa namna gani.

Na kwa sisi sote, ambao hatutungi hadithi, neno ni fupi. Kwetu Kongo siku za juma nazo zina historia ya kazi: twahesabu siku ya kwanza, ya pili, ya tatu, mpaka siku ya posho, jina lililobaki tangu wakati wafanyakazi walipogawiwa chakula chao siku hiyo, na mwisho siku ya Mungu. Ndani ya majina hayo mna mambo matatu ambayo kalenda yoyote yapaswa kuyachunga: kazi, chakula, na sala. Mwenye kumwajiri mtu na amwambie kabla mwezi wake una siku ngapi. Kapita anayetia alama za kazi asisahau siku ya mtu, kwa maana amesahau kipande cha maisha yake. Mwenye deni aliyesema «mwezi ukiisha» asianze kutafuta mwezi mwingine mbinguni. Na mwenye duka au kiwanda, akipanga zamu za watu wake, aulize kama baba na mama wa nyumba moja wataiona Dominika pamoja.

Mwezi ulioko juu utaendelea na safari yake ya siku 29 na nusu bila kutuuliza neno. Huo hatutatolea hesabu. Huu wa chini, tunaouandika kwa kalamu katika daftari za mishahara, huo ndio tutakaoulizwa.